Upande wa Saba

Kanisa letu la kambini Kakuma lina kwaya saba, na zinapendana sana, mpaka mwaka jana zilirushiana viti. Kisa ni nani asimame mbele. Kamati ikaamua lijengwe jukwaa la saruji lenye pande saba, kila kwaya na upande wake, na upande usizidi mwenzake hata kwa ukucha.

Mchoro ulitoka Lodwar kwa Cornelius, msimamizi wa ujenzi, mtu anayesalimia wakimbizi kwa kidevu. Aliuchora kwa bikari na rula, na ulipendeza. Unachora duara, ndani yake pembetatu ya pande sawa. Nusu ya upande wa pembetatu ndiyo hatua yako. Unaruka hatua saba kulizunguka duara, unarudi ulikoanzia.

"Onésphore," aliniambia, "hapa hakuna kufikiri. Fuata tu. Ukikosea ufungashe vyombo, nina fundi wangu Lodwar."

Uwanjani bikari ni msumari na kamba. Nikapigilia msumari wa katikati, nikazungusha kamba ya mita tatu, nikachora pembetatu, nikaikunja kamba ya upande wake katikati kupata hatua. Nikaanza kuruka, nikipigilia msumari kila nilipotua. Hatua sita zikaenda vizuri. Ya saba ikaishia vidole viwili kabla ya msumari wa kwanza.

Yaani upande wa mwisho ulikuwa mrefu kuliko wenzake. Na kwa orodha ya kamati, upande wa mwisho ni wa Warundi. Kwaya yangu.

"Muone! Ya Barundi ni mukubwa!" alipayuka Godelieve, kiongozi wa kwaya ya Wakongo, aliyekuja asubuhi hiyo kunilinda nisiibe. "Mwizi ya fundi!"

Malual, wa kwaya ya Wasudani, naye alikuja kulinda. Alinisogelea tu, na kwa urefu wake hiyo inatosha.

Cornelius akaja akicheka. "Nilijua. Mkimbizi hata duara anaiba. Kamba yako inavutika."

"Leta isiyovutika, bosi."

Akaleta waya wa kufungia nondo. Nikarudia. Vidole viwili vilevile.

"Fungasha."

Mimi nimeshafukuzwa na watu wenye bunduki, kwa hiyo kufukuzwa nakujua. Lakini kuondoka na jina la mwizi, mbele ya kwaya yangu mwenyewe iliyokuja kutazama? Hapana.

"Nitafungasha," nikasema. "Kwanza ruka wewe, kwa mkono wako. Ila anzia msumari ule, ili upande wa mwisho uangukie kwa Malual."

Aliruka huku akinung'unika. Ya saba ikafika, na pengo likawa palepale mwisho, vidole viwili, safari hii kwa Malual.

"Eeh! Sasa umewapa Wasudani?" Godelieve akamgeukia Cornelius.

"Sijampa mtu, mama!"

Malual akafungua mdomo. "Kwangu ni kubwa? Basi acha hivyo."

Cornelius akachomoa mchoro na kuutazama kama umemtukana. Duara lake halikuzidi mdomo wa glasi.

"Bosi," nikamwambia, "hatua yako ni fupi kidogo. Kwenye karatasi pengo limejificha chini ya mstari wa penseli. Huku uwanjani halina pa kujificha."

"Nilifundishwa hivyo chuoni!"

"Basi chuoni hamkuwa na kwaya."

Warundi wakacheka. Cornelius hakucheka. Nikauchukua waya kabla hajajibu, nikaongeza hatua unene wa msumari mmoja, nikaruka upya. Ikapita kidogo. Nikapunguza. Mara ya tatu waya ukagusa msumari wa kwanza.

Godelieve akapima pande zote kwa futi ya kushonea, mara mbili, akiitafuta dhambi yangu. Hakuiona.

"Huo si mchoro wangu," Cornelius akasema. "Sisaini. Na huyu aondoke, fundi wangu atamimina zege."

Godelieve akaenda kukaa juu ya mifuko ya saruji. Ni mwanamke mzito, mifuko ilitulia.

"Fundi yako amimine wapi? Tulimuona huyu akipima. Huyo wako hatumujui."

Malual akakaa kando yake. Warundi nao wakajaza nafasi iliyobaki. Cornelius akaikunja karatasi, akaenda garini bila kuaga.

Nikamchekea Godelieve.

"Usicheke," akasema. "Sikupendi hata kidogo. Mimina."