Kadi Iliyoandikwa "Kama Awali"

Mama mdogo alianza kuburuta mguu mwezi wa tatu wa maumivu. Kabla ya hapo ulikuwa mgongo tu, mgongo wa mtu anayekamua mashuka ya bweni kutwa nzima, na hakuna aliyeushangaa. Mguu niliuona mimi. Akipita sebuleni, kandambili ya kushoto iligusa sakafu kwa vidole kwanza, kisha kisigino kikafuata kwa uvivu.

"Mama mdogo, hebu nyanyua vidole nione."

"Unanikagua miguu, kwani unanipeleka mnadani?"

Alicheka, akajaribu. Vidole vya kulia vilinyanyuka. Vya kushoto vilikaa pale pale kama havijaambiwa kitu. Akaacha kucheka.

"Daktari ameviona?"

"Jumatatu. Akaandika weee, mpaka nikasinzia. Kasema Alhamisi kuna mtaalamu wa mishipa ya fahamu, ningoje kuitwa."

Hakuna aliyemwita. Jumatano asubuhi nilipofika kazini nilikwenda moja kwa moja kwenye rafu, nikatoa kadi yake.

Mimi ni mtoa mafaili katika kituo hicho hicho cha afya anakotibiwa. Niliishia shule ya msingi, na kazi yangu ni kutoa, kupeleka na kurudisha. Lakini njia ya kadi naijua. Daktari anaandika kwa maneno. Karani anafungua kitabu kinene na kuyageuza maneno kuwa namba ya ugonjwa. Sista wa miadi hana muda wa maneno, anasoma namba, na kwa hiyo namba anajua nani aende kwa mtaalamu na nani aende kwenye mazoezi ya kunyoosha mgongo. Mtaalamu huja mara moja kila miezi mitatu. Orodha yake hufungwa saa sita mchana, siku moja kabla.

Mama mdogo alikuwa amekuja mara tatu, na mara zote tatu namba ilikuwa moja: M54.5, maumivu ya kiuno yasiyo na chanzo maalumu. Mara ya kwanza ilikuwa kweli. Jumatatu, daktari alikuwa amejaza nusu ukurasa: ganzi mpaka kwenye unyayo, vidole vya kushoto havinyanyuki, aonwe na mtaalamu. Kisha chini kabisa, kwenye kisanduku cha jina la ugonjwa, akaandika "kama awali".

Madaktari wetu wote huandika hivyo foleni ikiwa ndefu. Mwenye presha akirudi, kama awali. Mwenye pumu akirudi, kama awali. Mkono unapumzika.

Niliipeleka kadi kwa karani, mzee tunayemwita Miwani kwa sababu ana jozi mbili na zote huwa kichwani.

"Shikamoo, mzee. Naomba uisome hii yote."

"Marahaba. Binti, mimi nina migongo sitini hapa tangu jana. Ukinisomesha kila mgongo, wa kwangu utakuwa wa sitini na moja." Hata hivyo akasoma, akateremsha miwani moja, akasoma tena. "Huyu ni nani wako?"

"Mama mdogo. Ndiye aliyenilea."

"Basi nisikilize. Mimi sina ruhusa ya kumtungia mtu ugonjwa. Kisanduku kinasema kama awali, na awali ni hamsini na nne nukta tano. Nikitoka hapo nimekuwa daktari, na uzee huu sitaki kesi."

"Akiandika upya?"

"Akiandika upya nitageuza sasa hivi. Lakini huyo humpati leo."

Saa ya ukutani ilikuwa saa nne na robo. Kalamu ninayo mfukoni na kadi ninayo mkononi, na nakiri kwamba niliwaza kuiandika namba mwenyewe. Lakini namba ya mkono wangu ingeanguka siku ya kwanza mtu akiuliza, na mama mdogo angeanguka nayo.

Nikasimama kwenye mlango wa daktari.

"Wewe, foleni inaanzia kule," akasema mama mmoja aliyejifunga kanga kiunoni kwa nguvu.

"Sitibiwi, mama. Nina neno moja na daktari."

"Kila mwenye neno moja hutoka baada ya nusu saa."

Watu wakacheka. Alikuwa na haki, kwa hiyo sikuingia. Nilijua daktari akishaona wagonjwa kama kumi hutoka kunawa mikono kwenye sinki la ukumbini. Nikahamia kwenye sinki. Nikahesabu wanaoingia. Wa saba alikaa sana. Saa tano na dakika ishirini akatoka, mikono juu, akanikuta.

"Daktari, samahani. Soma mwandiko wako, halafu usome kisanduku."

Nilimshikia kadi mbele ya uso wake wakati maji yanatiririka. Alisoma nusu ukurasa. Akafika chini. Akafunga bomba bila kusuuza sabuni.

"Hii niliandika mimi," alisema polepole.

"Ndiyo. Na orodha inafungwa saa sita."

Akajifuta kwenye koti, akaichukua kalamu yangu, akakata "kama awali" kwa mstari mmoja, akatia sahihi pembeni. Juu yake akaandika kwamba mzizi wa mshipa wa fahamu umebanwa kiunoni na mguu wa kushoto umedhoofu.

Nikarudi kwa Miwani. Alipekua kitabu, akaandika M54.1, akagonga muhuri wake, akanisukumia kadi. "Kimbia."

Sista wa miadi alikuwa ameshapiga mstari chini ya orodha. Akaitazama namba, akanitazama mimi ninavyohema, akaandika jina la mama mdogo chini ya mstari.

"Saa mbili kamili. Akichelewa namruka."

Nyumbani mama mdogo alinisikiliza akiwa amekaa kwenye kochi, mguu juu ya kigoda.

"Kesho nina zamu, mwanangu. Mashuka ya bweni zima."

"Nimeshapita kwa msimamizi wako. Zamu ameichukua mwenzako."

"Umemwambia nini?"

"Ukweli. Kwamba mguu haunyanyuki."

"Na huyo mtaalamu akisema ni mgongo tu?"

"Aseme baada ya kukushika vidole. Saa kumi na mbili tunatoka, uwe umeshaoga."