Kufuli la Nje

Ukibishana na Mwanahija utalala na njaa. Alikuwa mfanyabiashara wa Unguja, mnunuzi wa magauni ya jumla katika masoko ya Guangyuan Xilu kule China, na kwa wiki sita alikuwa akilala ndani ya stoo aliyoipanga mtaa wa Xiaobei, katikati ya marobota yake mwenyewe. Hoteli ya nini, alisema, na mzigo ulale peke yake?

Medard, wakala wa mizigo kutoka Bukoba, alimwonya mpaka akachoka. "Dada Mwanahija, mgeni hapa lazima aandikishwe polisi pale anapolala. Stoo haiandikishwi. Halafu haina hata dirisha."

"Nyie watu wa bara waoga tu. Mie nishajipanga."

Alijipanga na mlinzi wa jengo, mzee waliyemwita Shifu. Wakaguzi wa polisi wakija, Shifu alitia kufuli kwa nje, naye Mwanahija akajinyamazia ndani. Mlango wenye kufuli la nje, nani atadhani una mtu? Mara mbili walifaulu, na bibie akajiona mjanja wa mji.

Ijumaa ile mchana alikuwa amewasha mkaa kwenye chetezo, anafukiza baibui lake udi, maana hakutaka kutoka ananuka stoo. Ghafla akasikia kufuli likibanwa. Viatu vikapita ukumbini. Alipoharakisha kukisogeza chetezo, kaa moja likadondokea robota.

Plastiki ikaanza kuyeyuka. Aliimwagia chupa nzima ya maji ya kunywa. Moto ukazimika, lakini moshi ukazidi, mweusi, wa kukaba roho. Akaziba pua kwa mtandio. Wakaguzi walikuwa wanazungumza palepale mlangoni. Akigonga ataonekana, na huenda akarudishwa kwao mikono mitupu. Asipogonga atakufa humo, na kufuli litashuhudia kwamba hapakuwa na mtu. Kwa mara ya kwanza tangu afike China, Mwanahija aliogopa kweli.

Aligonga kwa mikono miwili.

Mlango wa bati ulipopandishwa, polisi alimwona yeye, akaliona godoro, kisha akautazama ufunguo mkononi mwa Shifu. Uso ukamkunjamana. Medard, aliyekuja kuchukua mzigo, akafanywa mkalimani.

"Anauliza nani kakufungia."

Mwanahija alimtazama Shifu. "Mwambie nilimwomba mimi. Mzee asionewe."

Polisi aliandika, akaandika, mwisho akampa hadi saa kumi na mbili jioni awe ameandikishwa hotelini. Hakumfukuza nchini. Medard alilibeba godoro wala hakumkumbusha onyo lake, na Mwanahija alimshukuru moyoni.

Jioni alikabidhi pasipoti mapokezi, jina lake likaandikwa. Chumbani alitia komeo la ndani. Akalifungua. Akalifunga tena, akalifungua, mpaka mhudumu akaja kuuliza kwa ishara kama mlango una kasoro.

Mwanahija alitikisa kichwa, machozi yakimtoka, akamwonyesha jinsi unavyofunguka.