Upindo wa Sherbanu

Mwezi wa saba wa mimba ulikuwa unakwisha na Mama Hurbai hajasema neno. Kusema alisema mengi, maana mdomo wake haujui likizo, lakini hilo la kujaza upindo hakuligusa. Sherbanu, mke wa mwanawe, akipita mbele yake kusudi, tumbo limemtangulia, mkononi sahani ya chapati. Mama Hurbai akitazama chapati tu.

Kwa Wahindi hawa waliohama Unguja baada ya Mapinduzi, mimba ya kwanza ina taratibu zake. Mwezi wa saba mama mkwe humkalisha mke wa mwanawe kitini, akamjaza nazi, mchele na halua kwenye upindo wa mtandio, kisha mama mzazi akamchukua bintiye akazalie kwao. Upindo usipojazwa, mke hatoki. Na Sherbanu alitaka kutoka, jamani! Riyadh hii ya vumbi na winchi za wajenzi hakuwa na mtu. Haroon, mumewe, alishinda dukani kwa kafili wake, Mwarabu aliyemdhamini nchini, akiuza spea za magari, akirudi ni kula na kulala. Kila Sherbanu alipofikiri uchungu umemshika humu ndani, mtaa huu wa Suwaidi, Mama Hurbai amemsimamia kichwani, alihesabu upya siku zilizobaki. Alimtaka mama yake, basi.

"Zungumza na Mama," alimwambia Haroon.

"Mama anajua wakati," Haroon akajibu, akarudi kwenye mchuzi wake. Mwanamume mzima na ndevu zake, hilo ndilo alilokuwa nalo!

Ikabidi Jenabai, mama yake Sherbanu, apande ndege kutoka Jedda bila ya kuitwa. Aliingia na kapu la nazi, hata buibui hajavua.

"Dada Hurbai, nimekuja kumchukua mwanangu. Hivi unangoja azalie jikoni kwako?"

Mama Hurbai alimimina chai taratibu, akamsogezea kikombe. "Karibu, Jenabai. Nitamjaza upindo leo leo, kwa nini nisimjaze? Lakini kwanza niambie, Kulsum wako umemjaza lini?"

Kulsum alikuwa mke wa kaka yake Sherbanu, huko Jedda. Mimba yake nayo ya kwanza, na miezi yao sawasawa. Kwao ni hapa hapa Riyadh, mtaa wa Manfuha, na siku zote Sherbanu alidhani wifi yake yu njiani kuja.

"Mama yake alikuja hapa, Sherbanu kalala, akalia hapo ulipokaa wewe," Mama Hurbai akaendelea. "Amekuomba mara mbili, umemkatalia. Sasa unakuja kunifunza mimi ada!"

Jenabai alinywa chai, ikamuunguza. Hakumtazama mwenziwe, alimgeukia bintiye.

"Kulsum akenda kwao, nani atakupikia wewe? Nani atafua, nani atakuchemshia maji ya kukandwa? Mimi na magoti haya? Nimemzuia kwa ajili yako, mwanangu."

Wote wawili walimtazama Sherbanu, na yeye alijua kabisa wanangoja nini. Neno moja tu, "Mwacheni Kulsum aje kwao," na mama yake angeona haya, angekubali. Lakini ndilo ambalo lingembakisha yeye hapa. Alikwenda kitini, akakaa, akautandaza mtandio wake mapajani.

Mama Hurbai alimjaza. Wala hakununa tena, alikuwa akitabasamu.

Haroon alijitolea kuwapitisha Manfuha walau wakamjulie hali mama yake Kulsum. Jenabai alisema wamechelewa, ndege haingoji mtu, na Sherbanu akatazama nje ya dirisha la gari mpaka uwanja wa ndege.

Jedda, aliyefungua mlango ni Kulsum. Tumbo hili hapa, miguu imevimba mpaka makubazi hayafungi. Akamkumbatia wifi yake kwa ubavu, maana matumbo yao yaligongana, wakacheka wote wawili. Kisha akainama, akachukua mizigo.

"Acha, wifi, nitabeba mwenyewe," alisema Sherbanu.

"Hebu nenda kapumzike! Umekuja kwenu." Kulsum alichungulia nyuma, akahakikisha Jenabai bado yuko chini analipa teksi, akasogea karibu. "Wifi, nambie haraka. Umemwona mama yangu?"

Sherbanu aliyaona macho yale, akashindwa.

"Nimemwona. Hajambo, anakusalimu sana."

"Alhamdulillahi!" Kulsum alipangusa machozi kwa kiganja. "Nilijua hatoniacha. Kasema anakuja lini kunichukua?"

Ngazini zilisikika hatua za Jenabai.

"Karibuni," alisema Sherbanu. "Kasema ufunge nguo zako."