Nafasi ya Bibi Pasi

Katika ukoo ule hakuna mfu aliyewahi kumtoroka Fundi Mabango. Ndivyo alivyosema mwenyewe, tena asubuhi kabla ya chai, saa ambayo watu wengi huwa bado wana haya. Alidai anawajua wote, nani alimzaa nani na nani alisingiziwa, na kwamba wale wa ofisi ya nyaraka angewamaliza kwa robo saa.

Shangazi yake alimsikiliza huku akivaa viatu. Jicho lake moja lilikuwa limeshafunga duka, la pili nalo linateremsha mapazia. Haja yake duniani ilibaki moja. Jiwe la majina ya watu waliokuja kwanza kwenye mji ule lingechongwa Jumatatu, naye alitaka kulisoma jina la bibi yake angali anaona. Huyo ndiye Bibi Pasi, mfua nguo, aliyeshuka kwenye treni ya kwanza kabisa bila mume, mkono mmoja pasi ya mkaa, mkono wa pili binti mdogo. Binti huyo ndiye aliyekuja kumzaa Shangazi na marehemu baba yake Fundi.

Ofisi ilikuwa chumba cha orofani chenye harufu ya gundi, na benchi ambalo mguu wake mmoja umefungwa waya. Mtunza nyaraka, msichana mpole mwenye miwani, alifungua daftari la stesheni, akafuata mistari kwa ncha ya penseli. Wa thelathini na nne: mfua nguo, mwanamke, na mtoto mmoja. Shangazi akaomba aoneshwe ulipo, akauwekea kidole, akakaa nacho pale kwa muda.

Fundi alikuwa tayari anavaa kofia. Ndipo yule msichana akafungua jalada jingine, akasoma, uso ukambadilika kama wa mtu aliyetumwa kupeleka habari za msiba. Jiwe, alieleza, ni la wale tu ambao vizazi vyao bado vipo mjini. Na huyu mfua nguo, kamati ya jiwe imemwandika hana kizazi.

"Hana kizazi," Fundi akarudia polepole. "Na mimi hapa ni nini, dada? Moshi?"

Akainuka, na benchi nalo likainuka upande mmoja. Alisema waheshimiwa wote wa kwenye hilo jiwe, mashati yao yalipita mikononi mwa Bibi Pasi. Leo wenye mashati waandikwe, mfuaji afutwe! Alisema mji huu hodari wa kuona makunyanzi, mkono ulioyanyoosha hauuoni. Akauliza, ikiwa katika ofisi hii wanawake hawazai, dada mwenyewe aliokotwa kwenye kabati lipi. Kisha akamtaka huyo mwandishi, huyo aliyeutazama mti mzima akaacha mzizi. Mtu wa namna hiyo, alisema, hafai kukabidhiwa hata chaki.

Watu wawili waliokuwa wakingoja zamu wakaitikia: kweli kabisa. Na ilikuwa kweli.

Msichana alimngoja kama mtu aliyejibanza barazani anavyongoja mvua ipungue. Ilipopungua, akasema kamati haikubuni kitu. Ilifuata shajara, mchoro wa mti wa ukoo, iliyoletwa na ukoo wenyewe miaka kumi na moja iliyopita. Akaenda kabatini, akarudi na karatasi ndefu, akaikunjua mezani.

Mtu yeyote mjini angeutambua ule mwandiko. Ulikuwa juu ya duka la dawa, mlangoni kwa kinyozi, kwenye geti la shule: herufi nyekundu zenye vivuli vyeusi, na kila "g" ina mkia uliojikunja kama paka aliyelala. Mti ulianzia kwa Babu Seremala, aliyehamia miaka ishirini baada ya ile treni, ukateremka mwanamume kwa mwanamume hadi kwa Fundi Mabango, jina lake kubwa kuliko ya wote. Mke wa Babu Seremala, yule binti wa Bibi Pasi, hakuwemo. Shangazi hakuwemo. Aliyekuwemo, kwenye kona ya chini, ni tausi.

Msichana akasema linarekebishika. Mchoraji akikiri kwamba aliwaacha, akaandika sababu na kutia saini leo, jina litaliwahi jiwe. Akamsogezea fomu na kalamu.

Fundi akakohoa. Akiitazama dari, alieleza kwamba wanawake walikuwemo, tena wote, kwa rangi ya buluu. Ila siku ya kuileta ilinyesha mvua, na buluu ya miaka ile haikuwa na msimamo.

Shangazi alikuwa ameinamia meza, lile jicho lake lililobaki karibu liiguse karatasi.

"Mvua ipi, mwanangu?" akasema. "Karatasi hii niliishika mimi, kona hii hapa, isijikunje. Nikakuuliza mama yangu yuko wapi. Ukaniambia, shangazi, nafasi imekwisha."

Kidole chake kikapanda mkia wa tausi, unyoya baada ya unyoya, rangi zote zikiwa kavu na kali kama za jana.

"Halafu ukachora huyu kuku."

Fundi alifungua mdomo kusema ni tausi. Akaufunga.

"Andika hivyohivyo," Shangazi akasema, akijivutia kiti. "Ukimaliza, mjukuu wangu huyu wa miwani atanisomea, nisikie."