Siku ya Tatu ya Bwana Badi

Bwana Badi hakujua kusimamia kazi ila kwa kukupitia mgongoni. Umekaa kwenye cherehani pale karakanani Changamwe, unashona kola ya shati la shule, na nyuma yako unasikia viatu vyake vinakuja polepole, mikono kaifunga nyuma. Hasemi kitu. Akifika kwako anasimama, anakohoa, anaendelea na safari. Miaka yote ile sikupata kujua kikohozi kile kilikuwa cha kusifu au cha kukaripia, na naamini hata mwenyewe hakujua.

Kisha ukaja mgao wa umeme, mwishoni mwa miaka ya tisini. Upande wetu tukawa tunapata umeme nusu ya wiki tu, na mashine zote za karakana zilikuwa za umeme, na shule zilikaribia kufunguliwa. Mwenye karakana, Mzee Sheikhan, akaona heri nusu shari kuliko shari kamili. Akatuambia sisi washonaji: Jumatatu hadi Jumatano njooni kazini, siku zilizobaki kila mmoja achukue vitambaa vyake vilivyokwisha katwa, akashone nyumbani kwa cherehani ya mguu. Tukafunga mafurushi yetu kwa kanga, kila mtu akashika njia yake. Rafiki yangu Kafedha akaelekea kwao Mtopanga, na mimi nikavuka feri kurudi kwetu Timbwani.

Wenzangu walifurahia kuokoa nauli. Furaha yangu mimi ilikuwa nyingine. Mama yangu, Bi Dhahabu, alikuwa ameanguka chooni mapema mwaka ule akavunjika nyonga, na kutembea kukawa ndiyo basi. Mume wangu ni baharia, muda mwingi yuko melini, kwa hivyo nyumbani tulikuwa mama na mimi tu. Nikienda kazini nilimwacha na jirani wa kumchungulia. Nikirudi jioni nilimkuta vilevile nilivyomwacha, ameuelekea ukuta. Chakula alikidonoa tu. Ukimsemesha alikujibu neno moja, yeye ambaye mtaa mzima ulimjua kwa ulimi wake.

Alhamisi ya kwanza nikaiweka cherehani ukumbini, nikaanza kukanyaga. Haukupita muda nikasikia naitwa kutoka chumbani.

"Zubeda."

"Abee, mama."

"Hebu ndoo uniinue nikae. Mshono huo wenda mbio mno, nausikia."

Nikambeba nikamketisha ukumbini, mito nyuma, mito ubavuni. Akadai shati nililolimaliza. Akalileta karibu na macho, akaupitisha mshono wote baina ya vidole viwili, akanirudishia.

"Fumua."

Mama alizaliwa Mji wa Kale, na katika ujana wake alishona kanzu za maharusi. Kuanzia siku ile nikawa na wasimamizi wawili, na huyu wa pili hakuwa wa kukohoa tu. Jioni alikula sahani nzima ya wali, akauliza kama umebaki. Nililia jikoni, nikakisingizia kitunguu. Zile siku za nyumbani zilikuwa zimenirudishia mama yangu, na sikutaka mtu azishike.

Bwana Badi naye, huko karakanani, alikuwa ameshikwa na ukiwa. Mlinzi alitusimulia kwamba siku tusizokuwapo msimamizi wetu alitembea vilevile katikati ya mashine zilizofunikwa, mikono nyuma, akikohoa. Mtu aliyezoea migongo ya watu atafanyaje migongo isipokuwapo? Mwisho akakata shauri kuifuata kule iliko.

Alhamisi iliyofuata nikasikia hodi mlangoni.

"Hodi wenyewe. Shikamoo, Bi Dhahabu."

"Marahaba, mwanangu. Karibu, karibu ndani. Zubeda, mgeni huyo."

Akaingia, mlango ukaachwa wazi kama ilivyo adabu, akasema hakuja kukaa, anapita tu kuangalia kazi. Mama akamwambia katika nyumba yake hakuna apitaye tu. Nikaamka kwenye cherehani. Nikapika chai ya tangawizi, nikaleta mahamri. Bwana Badi alipokuwa anafuta midomo ili aage, mama akaniuliza kwa sauti ya kusikika na jirani kama samaki bado hajapakwa nazi. Sikuwa hata na samaki. Nikatoka mbio kununua, nikakuna nazi, nikapika, nikatenga. Alipoondoka, ameshiba hata anavuta pumzi kwa hatua, adhana ya alasiri ilikuwa imekwisha na furushi langu limelala pale pale.

Wiki ya pili akaja tena, na safari hii alikuja na njaa yake kabisa. Nikamwinamia mama sikioni nikamnong'oneza kwamba kazi yangu inalala. Akanitazama kama nimetukana ukoo.

"Mgeni ni mgeni, Zubeda. Nenda kakune nazi."

Jumatatu tulipokusanyika karakanani, Bwana Badi alisimama mbele yetu na uso wa msiba. Akasema mafurushi ya nyumbani yanarudi nusu, kwamba Mzee Sheikhan amechoka na kazi asiyoiona, na kwamba mgao unakwisha mwisho wa mwezi. Umeme ukirudi, sote tutarudi kazini siku zote. Asiyeweza kuja kila siku aseme mapema, cherehani yake ipewe mwingine. Aliyasema haya bila kunitazama, kwa sababu alimwona mama yangu kwa macho yake.

Niache kazi, tule nini mume wangu akiwa melini? Nirudi kazini siku zote, mama arudi ukutani? Kafedha akanivuta pembeni.

"Kwako alikula nini?"

"Wali wa nazi na samaki wa kupaka. Mara mbili."

"Mimi nimemchinjia kuku. Na mama mkwe akanilazimisha nimchemshie na mihogo." Akashika kiuno. "Sasa hayo mashati angeyashona nani, kuku?"

Tulicheka. Jioni nikamweleza mama yote, pamoja na hilo la kuacha kazi. Hakulalamika. Alikunja na kukunjua pindo la kanga yake.

"Huyo bwana amekuja mara ngapi hapa?"

"Mara mbili, mama."

"Basi mwache aje."

Akaja Alhamisi, hodi yake imechangamka. Mama akamkaribisha kama kawaida, na mimi nikaamka kwenda jikoni kama kawaida.

"Zubeda, kaa," mama akasema. "Endelea kushona." Kisha akamgeukia Bwana Badi kwa upole mwingi. "Mwanangu, siku ya kwanza tulikupa chakula. Ya pili tukakupa chakula. Yeo ni siku ya tatu."

Akamsogezea mkebe wa vifungo, sindano tayari ina uzi, na rundo la mashati.

Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Hakuna mtu wa Pwani asiyeijua methali hii, lakini wengi wetu tunaisema kwa kutania, mgeni akicheka nasi tukicheka naye. Mama hakuwa akitania. Bwana Badi aliitazama sindano, akamtazama mama, akanitazama mimi. Mimi nilikuwa nimeinamia cherehani, mabega yakitikisika kwa kicheko.

Angefanyaje? Kuaga angeonekana hana adabu, na kukataa angeonekana mbaya zaidi, kwamba alifuata sahani. Akavua viatu, akaketi mkekani, akashika sindano.

Kumbe Bwana Badi alikuwa fundi kabla ya kuwa msimamizi. Vidole vilikuwa vimesahau kidogo. Kifungo cha kwanza mama alikishika, akakizungusha.

"Hiki kimekaa upande. Fumua."

Akafumua. Wallahi nilitamani washonaji wote wa Changamwe wangekuwapo waone. Lakini kufikia adhuhuri alikuwa ameshika kasi, anaimba kwa pua, na mimi nakanyaga bila kuinuka. Mama alikula maandazi ya jana, Bwana Badi akala maandazi ya jana, na hakuna aliyekufa. Furushi likaisha jua lingali juu.

Bwana Badi alilitazama lile rundo lililokunjwa vizuri. Akakohoa, na kwa mara ya kwanza nikajua kikohozi kile kina maana gani.

"Bi Zubeda," akasema, "kikulacho ki nguoni mwako. Mashati yalikuwa yanaliwa na mimi."

Habari ilivuka maji kabla yake. Alipobisha Mtopanga, mama mkwe wa Kafedha alikwisha kumtayarishia mapindo ya sketi. Kila nyumba aliyoingia siku yake ya tatu ilikuwa imemngoja. Ukimwona siku hizo ungesema amepungua miaka. Uso ulikunjuka, na karakanani siku za umeme hakuzunguka tena nyuma ya watu. Alikuja kwa mbele, akauliza kama uzi unatosha. Mafurushi yakawa yanarudi kamili.

Kilichobaki ni Mzee Sheikhan, ambaye neno lake lilikuwa bado lile lile. Alhamisi ya mwisho wa mwezi, umeme umekwisha kurudi, alikwenda karakanani kumtafuta msimamizi wake wapange kuturudisha, akakuta hayupo. Mlinzi akamwelekeza.

Sisi tulikuwa ukumbini. Mimi kwenye cherehani, mama kwenye mito yake, Bwana Badi mkekani, mguu mmoja kaunyoosha na uzi kauning'iniza mdomoni. Hodi ilipopigwa akaijua sauti, uzi ukamwanguka.

"Badi," Mzee Sheikhan akasema pale mlangoni, mkongojo mkononi, "hii ndiyo ofisi?"

Bwana Badi alisimama na shati la mtoto wa darasa la kwanza kifuani. Nilijua kwamba hapa ndipo, kwamba neno moja baya lingemrudisha mama ukutani.

"Ndiyo, mzee," akasema. "Alhamisi ofisi huwa hapa."

"Mimi nimekuajiri kusimamia au kushona vifungo?"

"Nilisimamia, mzee, kazi ikazorota. Walikuwa wanaacha cherehani wanipikie. Nilipokaa nikashona, ikaenda."

"Kazi ya nyumbani haina macho ya kuitazama."

"Mato ninayo mie, mwanangu," mama akasema kutoka kwenye mito. Mzee Sheikhan alikuwa na ndevu nyeupe, sidhani kama kuna mtu aliyemwita mwanangu tangu azikwe mamake. "Ingia ndani, jua kali. Zubeda, mgeni huyo. Samaki."

Mgeni wa siku ya kwanza hana jembe, huyu ni wa kupikiwa, na nikiinuka kwenye cherehani leo, mbele yake, nitakuwa nimelithibitisha lile lile alilokuja nalo. Lakini kumwasi mama mbele ya mgeni nisingeweza. Nikaanza kuinuka.

"Kaa, Bi Zubeda," Bwana Badi akasema. "Wewe shona."

Akaenda jikoni. Tukasikia anatafuta, tukasikia nazi inapasuliwa. Kisha akatoka na mbuzi ya kukunia, akaikunjua katikati ya ukumbi, akaikalia na suruali yake ya ofisini, akaanza kukuna nazi.

Mzee Sheikhan aliketi taratibu. Alimtazama msimamizi wake aliyekalia mbuzi, akanitazama mimi ninavyokanyaga, akatazama rundo linavyopanda. Mama akampa shati moja. Akaupitisha mshono baina ya vidole, kama afanyavyo mama, akatafuta kosa kwa muda mrefu. Hakulipata, kwa sababu lingekuwapo ningekwisha kufumulishwa. Mabega yake yakaanza kutikisika, kisha akacheka mpaka machozi yakamtoka, akajifuta kwa kilemba.

Samaki wa Bwana Badi alizidi chumvi, lakini Mzee Sheikhan alikula mpaka mfupa. Aliponawa akasema siku tatu za nyumbani zibaki kama zilivyo, umeme uwepo usiwepo. Nilisema ahsante. Mama alinishika mkono chini ya kanga akaubana.

"Lakini mimi si mtu wa kuambiwa," Mzee Sheikhan akaongeza, akishika mkongojo wake. "Nitakuja mwenyewe kuangalia. Kesho baada ya swala ya Ijumaa, na kesho kutwa pia, inshallah."

"Karibu sana, mwanangu," mama akasema. "Nyumba yako."

Tulimsindikiza kwa macho mpaka akapinda kona. Mama alijiegemeza kwenye mito yake, uso umenawiri.

"Zubeda."

"Abee, mama."

"Kesho mpikie biriani, mtu mzima yule. Na kesho kutwa mtilie uzi kwenye sindano kabla hajafika. Mato yake hayaoni tundu."