Bahari ya Ukutani kwa Mama Georgette

Kabla ya kuiona bahari yenyewe, Jaël aliona migongo. Katika picha ya kwanza aliyoifungua, watu kama arobaini walikuwa wameinama juu ya tope linalong'aa, kila mmoja na ndoo yake, wengine na reki, wengine na koleo ndogo. Maji yalikuwa mbali nyuma yao, kama kitu kisichowahusu. Jaël aliitazama migongo ile kwa muda mrefu, akaitambua. Mgongo wa mama yake ulikuwa hivyo hivyo kila siku kule Kamatanda, kwenye maji ya kuoshea mawe ya shaba. Akajiambia: kumbe hata Wazungu wanachimba.

Akawaonea huruma. Hapo ndipo upumbavu wake ulipoanzia, na ulianza kwa moyo mzuri, kama upumbavu mwingi unavyoanza.

Vitabu vilikuwa vitatu, vyote vya Kifaransa, vizito, vyenye harufu ya kabati la mtu mwingine. Kimoja kilieleza maisha ya watu wa pwani, cha pili kilifundisha kuchora bahari kwa rangi za maji, cha tatu kilikuwa cha kutembea ufukweni na kuokota vitu. Jaël alijua hayo kwa sababu Mama Georgette aliyasoma majalada kwa sauti alipokuwa akivitua mezani. Vinginevyo angesema kimoja ni cha tope, kingine cha mikono, na cha tatu cha mawe.

Mama Georgette alikuwa akifungua nganda nyuma ya soko, mahali pa kula samaki na kunywa kitu baridi. Samaki wake walikuwa Thomson, wale wanaofika mjini Likasi ndani ya katoni, wagumu kama tofali kwa barafu.

"Batu banakula samaki ya bahari miaka yote," alimwambia Urbain mchoraji, "na hakuna mwenye alionaka kwabo. Ni kama kuoa bibi bila kujua bakwe."

Kwa hiyo alitaka ukuta mzima uwe bahari. Bahari ya kweli, si ya kubuni. Ndiyo maana akanunua vitabu.

Urbain alichora mabango ya mji, na Jaël alikuwa amefanya kazi kwake miaka mitatu. Kazi yao ilikuwa na utaratibu: Urbain aliandika herufi kwa penseli, Jaël akazijaza rangi. Mkono wake haukutetemeka, na kingo za herufi zake zilikuwa kama zimekatwa kwa wembe. Saluni, maduka ya dawa, makanisa matano, fundi wa meno mmoja ambaye baadaye alikimbia mji: nusu ya Likasi ilisoma kazi ya Jaël kila asubuhi, isipokuwa Jaël.

Aliachia shule darasa la tatu, mama yake alipohamia Kamatanda. Siku aliyoletwa kwa Urbain, shangazi yake alisema, "Alimalizaka primaire," yaani shule ya msingi, na Jaël akatazama viatu vyake. Kunyamaza si kusema uongo, alijiambia. Kwa hoja hiyo alikuwa amekaa miaka mitatu bila kusema uongo, tena kwa bidii kubwa.

Sasa Urbain alikuwa amepata kazi ya siku kumi Kakanda. Asubuhi ya kuondoka alifunga makopo yake ya rangi kwa kamba, akamwita.

"Soma ile mabuku muzuri. Minye nitarudia siku ya kufungua nganda. Kama mama Georgette anakubali ukuta, utakuwa na kazi zako, na jina yako chini. Kama anakatala, Jaël, siwezi kulisha mutu wa kujaza tu. Utarudia kwa mama yako."

"Ndiyo, papa Urbain."

"Utasoma?"

"Ndiyo."

Hiyo sasa haikuwa kunyamaza tena.

Alitundika turubai mbele ya ukuta, akajificha nyuma yake na makopo, vitabu na hofu. Lazima tukiri kwamba kitabu cha kuchora alikielewa. Kilikuwa na picha za mkono ukifanya kazi hatua kwa hatua, namba moja, mbili, tatu, nne, na namba Jaël alizijua. Aliona kwamba povu la wimbi halichorwi: unaacha ukuta mweupe, unapaka buluu pembeni, na povu linajitokeza lenyewe. Aliona kwamba mchanga uliolowa hauna rangi yake, unaazima ya mbingu. Alipojaribu mara ya kwanza akarudi nyuma hatua mbili kuutazama ukuta. Mambo yangeishia hapo, angekuwa mtu mwenye akili.

Lakini kulikuwa na vile vitabu vingine viwili.

Katika kile cha kuokota vitu, makombe yalipangwa safu kwa safu, yamepigwa picha moja moja, na chini ya kila kombe namba: tatu, tano, saba na nusu, kumi na mbili. Jaël hakuwahi kuona kombe la baharini. Alichokuwa ameona ni meza ya mnunuzi wa madini, na mawe ya mfano yaliyopangwa namna ile ile, kila moja na teneur yake, yaani kiasi cha shaba kilichomo ndani. Kumi na mbili kwa mia, katika kijiwe cha rangi ya waridi. Akatikisa kichwa. Si ajabu watu wale waliinama hivyo.

Kuanzia hapo kila ukurasa ulimthibitishia hivyo. Mtu mnene aliyeketi chini ya mwavuli mkubwa wa rangi nyekundu na njano alikuwa négociant, mnunuzi, maana nani mwingine huketi chini ya mwavuli wakati wenzake wanachimba? Watu waliolala chali mchangani, karibu uchi, walikuwa wachimbaji waliozidiwa na kazi. Kulikuwa pia na bandari moja katika picha mbili: katika ya kwanza imejaa maji, katika ya pili maji yameondoka na mitumbwi imelala ubavu. Jaël hakuhangaika. Ya kwanza masika, ya pili kiangazi. Akachagua kiangazi, na kwa kuwa kiangazi bila moshi hakijakamilika, akachoma na nyasi za vilima alivyochora nyuma.

Siku ya sita Mwalimu Hervé alichungulia nyuma ya turubai, kikombe cha chai mkononi. Alikuwa mpangaji wa Mama Georgette, kijana wa miwani, mwenye kupenda kuzungumza na watu wasiojibu.

"Mademoiselle Jaël, hii buku inasema nini juu ya kupwa na kujaa kwa mayi?"

Jaël alipitisha brashi mahali ambapo hapakuhitaji rangi. "Inasema muzuri."

"Na weye, unaona je?"

"Na minye vile vile."

Hervé aliitikia kwa kichwa taratibu, kama aliyekutana na mtu mwenye kina. Kuna watu ambao haya yao hudhaniwa hekima, na Jaël alikuwa ameshiba kwa hekima hiyo kwa muda mrefu.

"Kama kuko fasi ya nguvu kusoma, uniite. Tutaisoma pamoja."

"Nimeshamaliza," alisema Jaël, ambaye hakuwa ameanza.

Jumamosi saa sita mchana nganda ilijaa. Samaki walikuwa wakikaangwa, na wachimbaji waliovaa mashati yao ya Jumapili walikaa mbele. Urbain alikuwa amefika asubuhi ile kutoka Kakanda, vumbi bado masikioni. Mama Georgette mwenyewe alishika kamba ya turubai, akaomba kimya, akavuta.

Vichwa vyote vikageukia ukuta.

Bahari ilikuwepo, hilo hakuna aliyelikana. Iling'aa, na povu lake lilikuwa jeupe mpaka mtoto mmoja akanyoosha mkono kuligusa. Lakini mbele yake palikuwa na wachimbaji arobaini wenye ndoo, magunia yaliyoshonwa midomo, mizani, meza ya makombe yenye teneur zake, na négociant chini ya mwavuli.

"Uyu négociant minye namujua," alisema mchimbaji mmoja. "Angalia tumbo."

"Na bale benye kulala?"

"Kazi ilibamaliza."

"Nguo yabo iko wapi?"

"Négociant alikamata."

Kicheko kilipasuka mpaka chupa zikagongana. Mama Georgette hakucheka. Alichukua kile kitabu cha watu wa pwani juu ya meza, akakifungua kwenye ile picha ya migongo, akampa Hervé. "Soma, mwalimu. Banasema beko nafanya nini?"

Hervé alisogeza miwani. "Banasema... ni familia mu congé. Mayi ikitoka, banaokota samaki ya makombe ya kula mangaribi. Ni muchezo."

"Congé," alirudia mchimbaji wa kwanza, kwa uchungu wa kweli. "Bananama vile kwa muchezo?"

Jaël alisimama kando ya mlango wa jikoni akitamani moshi wa samaki uzidi. Arobaini. Alikuwa ameajiri watu arobaini waliokuwa likizo. Aliwapa na magunia.

Mama Georgette alimgeukia. "Jaël. Niliomba bahari, umeniletea Kamatanda. Batu banakuja huku kusahau kazi, weye unabaletea kazi ku meza." Kisha kwa Urbain, polepole, jambo lililokuwa baya zaidi: "Papa Urbain, uyu mutoto hakusoma?"

Urbain alimtazama Jaël. Hakuwa na hasira. Alikuwa na uso wa mtu anayehesabu nafasi kwenye basi la Kamatanda.

Hapo Hervé akanyoosha kidole, kama mwanafunzi. "Mama, ngoja kwanza. Angalia povu, angalia ule muchanga. Mutu mwenye hakusoma hawezi kufanya hiyo. Alisoma yote, akaelewa, kiisha akakatala. Akasema: bahari ya bazungu ni ya kucheza, ya kwetu ingekuwa ya kazi. Ni makusudi. Ni akili mingi."

Maneno yale yalizunguka meza hadi meza. Wachimbaji wakautazama tena ukuta, sasa kwa heshima. Mmoja alisema ni kweli, bahari ingekuwa Likasi wangeichimba mpaka chini. Mama Georgette akalegeza mikono, akaona kwamba hakuna aliyeondoka na kwamba sahani zilikuwa zinaagizwa.

"Minye njo nilimufundisha," alisema Urbain, kifua kikipanda. "Nilimwambia: soma, lakini fikiri. Jaël, andika jina yako chini pale, mutoto yangu."

"Ni vile, Jaël?" aliuliza Mama Georgette. "Ulifanya makusudi?"

Kuitikia kwa kichwa tu. Shingo yake iliijua kazi hiyo kuliko mkono wake ulivyoijua brashi, na ilikuwa imeshaanza kushuka. Watu wote walikuwa wakitabasamu kwa yule msichana aliyesoma vitabu vitatu vya Kifaransa, akavifikiria, akavikataa. Alikuwa msichana mzuri sana. Jaël alimwonea wivu. Angetoa lolote ili kumfahamu, na sasa alitakiwa kuandika jina la mtu huyo chini ya kazi aliyoifanya yeye, mjinga, kwa siku kumi.

Shingo ikasimama njiani.

"Hapana," alisema, kwa sauti ndogo hivi kwamba mchimbaji wa mbele ilibidi awanyamazishe wenzake. "Haikuwa makusudi. Nilizani ni bacreuseurs, bachimbaji ya kweli. Papa Urbain, minye sijue kusoma. Tangu siku nilifika kwako. Ile mabango yote, sijue hata moja inasema nini."