Maana ya Kambale

Mimi Wambura si mtu wa kuuziwa mbuzi kwenye gunia, na jina la mwanangu wa kwanza nisingelipokea hivihivi tu kwa kuwa mama yake amelipenda. Langu mwenyewe nalijua lilikotoka: nilizaliwa mvua ikinyesha, basi, yamekwisha. Lakini mke wangu Orpha, Mkongo wa Butembo, alishikilia mtoto aitwe Kambale, jina ambalo kwangu mimi ni la samaki, na kila nikiuliza maana yake ananijibu, "Ni jina la kwetu tu."

Nikaingia mtandaoni. Tovuti ya kwanza ikasema Kambale ni moyo wa simba. Ya pili ikasema ni mfalme wa milima. Ya tatu, sijui hao walikuwa wamekunywa nini, ikasema ni jina la Kihindi. Nikakasirika. Watu wazima na akili zao wanakaa kutunga uongo kuhusu majina ya watoto wa wenzao.

Bahati nzuri Jumamosi Mama Perpétue alipanda treni kutoka Norsborg, akatuletea sombe, yaani kisamvu, na samaki hapa kwetu Rågsved, huku ughaibuni, aje amwone mtoto. Ni Mnande kama Orpha, mtu mzima, majina ya kwao anayajua. Orpha alikuwa sebuleni ananyonyesha. Nikaona hapa ndipo pa kumaliza ubishi.

"Mama, hebu nisaidie. Kambale maana yake nini? Mtandao unasema simba."

Alicheka mpaka akajifuta macho. "Simba gani, baba? Kwetu jina inafuata mutoto amezaliwa wa ngapi kwa mama yake. Mwanaume wa kwanza ni Paluku ao Mumbere. Kambale ni wa pili." Akaangaza macho sebuleni. "Na Paluku wenu iko wapi? Amelala?"

Nikamgeukia Orpha, nikingoja amsahihishe. Badala yake akamwinamia mtoto, akawa anamfunga upya kofia.

Mama Perpétue alielewa kabla yangu. Akachukua koti lake, akaondoka bila kumaliza chai.

"Orpha," nikasema, "una mtoto mwingine?"

"Glody," akajibu.

Glody ni shemeji yangu, mdogo wake Orpha wa kiume anayelelewa na mama mkwe kule Butembo. Kila Jumapili tunaongea naye kwa simu, namtania, ananitania. Nikafoka, tena sioni haya kusema, nilifoka kwelikweli. Nikamuuliza kwa nini basi asimwite huyu Paluku, uongo wake ukatimia, nami nisijue mpaka naingia kaburini.

"Nilimzaa nikiwa msichana wa shule," akasema. "Mama akamfanya wake ili nisichekwe. Nikanyamaza. Kunyamaza naweza. Lakini nikimwita huyu Paluku, nitakuwa nimesema kwa mdomo wangu kwamba Glody hakuzaliwa. Hilo siliwezi."

Hasira zilikuwa bado hazijaniisha. Hata hivyo swali likanitoka.

"Yeye mwenyewe anajua?"

"Hapana. Anajua mimi ni dada yake."

Nikakaa chini. Mtoto akaanza kulia, na hakuna kati yetu aliyethubutu kumwita jina.